Sapatu za Wageni

Inspekta Ghalia Ameir alivua viatu mlangoni bila kufikiri. Miaka yote ya polisi ya London ilikuwa haijaitoa Unguja miguuni mwake. Alipogutuka alikuwa amekwisha simama na soksi juu ya sakafu ya saruji, na saruji ya Queensbury mwezi wa Februari haina huruma. Akatazama huku na huku apate cha kuvaa.

Hapo ndipo alipoziona sapatu.

Zilikuwa juu ya kirafu kidogo nyuma ya mlango, sapatu za sufu nzito ya kijivu, zimepangwa visigino ukutani. Jozi moja ilidariziwa herufi N kwa uzi wa kijani. Mbili nyingine hazikuwa na alama. Mwisho wa rafu palikuwa na nafasi tupu inayotosha jozi moja.

Karakana hiyo zamani ilikuwa banda la gari la Bi Mwatima Miraji, mjane wa Kipemba mwenye nyumba. Mumewe alipofariki aliuza gari, akalipangisha banda na chumba cha juu kwa Mrusi mmoja mtengenezaji wa gemu za kompyuta, Timofei Garanin. Alhamisi iliyopita Timofei alikutwa hapa chini, kichwa kimepasukia kwenye pembe ya meza ya chuma. Tangu hapo yuko hospitali, anapumua lakini haitikii. Mtu aliyemkuta, aliyeita gari la wagonjwa, na aliyekuwa na damu mikononi polisi walipofika, ni Njeri, Mkenya anayelea wazee katika nyumba ya kutunzia wazee huko Ilford na aliyekuwa akimtungia Timofei muziki wa gemu.

Kesho asubuhi Njeri alitakiwa kuripoti kituoni, na mkuu wa Ghalia, bwana anayependa mafaili yafungwe kabla ya wikiendi, alikuwa amekwisha sema kwamba atafunguliwa mashtaka. Hadi wakati huo dhamana ilimkataza kukanyaga hospitali. Ghalia hakuwa mtu wa kubabaishwa na machozi, ameyaona ya kila aina. Kilichomkera ni kwamba katika mahojiano yote Njeri aliuliza swali moja tu, tena na tena: ameamka? Kwa hiyo leo Ghalia alirudi peke yake, mafundi wa maabara wamekwisha kwenda zao, kutazama upya kile ambacho wenzake walikwisha kukitazama.

"Hizi sapatu za nani, Bi Mwatima?"

Bi Mwatima alikuwa amesimama kwenye njia ya pembeni, kanga juu ya koti la baridi. "Za wageni. Yule mtoto hakubali mtu aingie na viatu. Hapo ndipo nilipompendea. Mwanzo waliponiambia Mrusi anataka kupanga, nikasema, ah, mie n'takaaje na Mrusi? Kumbe ana adabu kuwashinda wanangu niliowazaa."

"Na hii yenye N?"

"Ya Njeri. Kila siku yupo hapa, ikabidi atiliwe jina."

"Za wageni jozi ngapi?"

"Tatu. Alizishona mamaake huko kwao."

Ghalia alipiga magoti. Sapatu moja ya jozi ya tatu ilikuwa chini ya dirisha. Mwenzake alikuwa karibu na meza, amelala kifudifudi, soli juu. Akatoa simu akafungua picha za siku ya tukio. Zilikuwepo vilevile, pale pale, na katika orodha ya vitu vilivyoonekana mtu ameandika kwa Kiingereza safi: sapatu za majeruhi.

"Timofei alipochukuliwa na gari la wagonjwa, miguuni alikuwa na nini?"

"Sapatu zake. Nilimvua mie mwenyewe kwa mikono yangu, nimetoka hitimani Ilford nakuta nyumba imejaa polisi. Zipo juu, chumbani."

"Basi hizi si zake."

"Si nimekwambia za wageni?"

"Polisi uliwaambia?"

"Waliniuliza?" Bi Mwatima alimtazama kwa mshangao. "Waliingia na mabuti yao wakayavisha mifuko ya plastiki. Mtu anayevisha buti mfuko utamwambia nini habari ya sapatu?"

Ghalia alitaka kucheka, akajizuia. Wenzake walikuwa wazuri kazini. Walikuwa wamepima damu, pembe ya meza, alama za vidole, hata vumbi. Lakini mtu aliyekulia nyumba ambayo watu wanapanda na viatu hadi chumbani akiona sapatu zimezagaa sakafuni anaona sapatu zimezagaa sakafuni, basi.

"Angeweza kuziacha hivi yeye Timofei?"

"Huyu? Huyu anapanga hata kandambili zangu nikiziacha ovyo uani! Mgeni akitoka tu, yeye ameshainama." Bi Mwatima alitikisa kichwa. "Ngoja nikuletee chai, mwanangu, umekuwa rangi ya majivu."

Ghalia alivaa glovu, akazipiga picha sapatu mbili zile, akatia kila moja kwenye mfuko wake wa ushahidi. Nani aliingia humu kama mgeni Alhamisi ile? Njeri ana zake, na zilikuwa rafuni, mahali pake. Alipomkuta Timofei chini alikimbilia ndani na viatu vyake vya kazi, na alama zake za matope zilikuwa kwenye picha zote. Mtu wa mwisho aliyekiri kufika kabla yake ni Hillary Titus, mwenye kampuni ndogo ya Tausi inayochapisha gemu, na maelezo yake yalikuwa mafupi na yamenyooka. Hata dereva wa vifurushi aliyepita njia ya pembeni saa sita mchana alisema alimwona Hillary amesimama nje, anazungumza na mtu aliye ndani.

Chai ilifika. Ghalia alikwenda mlangoni akanyoosha mkono kuipokea. Bi Mwatima akakirudisha kikombe kifuani.

"Subiri kwanza." Akavua kandambili, akavuka kizingiti, akasimama ndani, ndipo akampa. "Haya. Kunywa."

"Kulikoni?"

Bi Mwatima akacheka, na kicheko kikamgeukia kilio, akajifuta macho kwa ncha ya kanga. "Amenitia mazoea yake. Kwao hawapeani kitu kizingitini. Wala mkono hawashikani, mmoja ndani mmoja nje. Wanasema mtagombana. Siku ya kwanza nimemletea mkate wa ufuta, namnyooshea sahani, ananiambia kwa kile Kiswahili chake alichofundishwa na Njeri: 'Ingia, mama, au nitoke mimi.' Mvua inanyesha! Nikamwambia we mtoto una wazimu. Akatoka kwenye mvua akapokea sahani yake, akarudi ndani. Tangu siku hiyo hata barua yake sijampa kizingitini."

Kikombe kilibaki njiani, hakijafika mdomoni. Ghalia alikiweka chini, akafungua maelezo ya Hillary Titus kwenye simu. Alimtafsiria Bi Mwatima sentensi moja polepole, kwa kuwa alitaka kuisikia kwa sauti.

"'Alinikabidhi diski yenye gemu pale mlangoni, yeye ndani mimi nje, tukashikana mikono, nikaondoka bila kuingia.'"

"Nani kasema hivyo?"

"Mtu mmoja."

"Muongo," alisema Bi Mwatima.

*

Ghalia alimkuta Njeri katika ofisi ya wakili wake Ilford, ghorofani juu ya duka la vitambaa, wakili pembeni na kalamu mkononi. Njeri alikuwa bado na sare ya kazi. Hakusalimia.

"Ameamka?"

"Bado. Njeri, nieleze ule ugomvi wako na Timofei, Jumatano ile. Jirani alikusikia ukimwambia, ukimpa diski umekwisha."

"Nilisema. Si nimeshawaambia nilisema!" Njeri alimtazama wakili, wakili akaitikia kwa kichwa. "Hillary ni mimi nilimleta. Tulijuana church, akasema ana kampuni. Halafu nikaanza kuona vile anaongea. Anauza gemu vile mtu anauza sabuni. Ati aliniuliza kama hii yetu iko na bunduki! Tumefanya kazi miaka miwili, hajawahi kuicheza hata dakika moja. Nikamwambia Timofei, ukimpa diski umekwisha, vile ulikwisha ile mara ya kwanza."

"Mara ya kwanza ipi?"

Njeri alivuta pumzi. Hadithi hii ilikuwa haijaulizwa na polisi yeyote, na ilionekana alikuwa ameingoja.

Timofei alizaliwa Chelyabinsk, mji wa viwanda vya matrekta, mamaake mpishi wa kantini ya kiwanda. Kompyuta ya kwanza aliigusa katika klabu ya vijana, na kwa sababu watoto walikuwa wengi na mashine chache, alijifunza kuandika programu kwenye karatasi akisubiri zamu yake. Gemu yake ya kwanza aliitengeneza peke yake akiwa na miaka kumi na tisa, akaiweka kwenye mtandao, watu wakaipenda. Kampuni moja ikampa mkataba, akatia sahihi kwa furaha bila kuusoma hadi mwisho, na baada ya mwaka gemu yake ilikuwa na jina la mtu mwingine. Ya pili haikununuliwa na mtu. Ya tatu ndiyo iliyomjulisha duniani. Kisha vita vikaja, akakataa kukaa kimya, akaondoka na begi moja kupitia Yerevan, na hatimaye akatua kwenye banda la gari la mjane wa Kipemba.

"Ndiyo maana hatumii mtandao kuhifadhi kazi," Njeri alisema. "Iko kwa diski moja, na diski iko kwa mfuko wa shati. Hawezi kumpa mtu hivi hivi. Na alikuwa amekubali maneno yangu, ile Jumatano. Tuligombana, halafu akasema sawa, nitamwambia Hillary hapana."

"Gemu yenyewe inahusu nini?"

Njeri alifungua laptop yake. Alikuwa na nyumba ya kwanza tu, nakala ambayo bado ni bubu, aliyopewa ili aitilie sauti. Gemu iliitwa *Mkate Njiani*. Mvulana anapita kwenye theluji na kikapu, anapeleka mkate nyumba hadi nyumba katika mji ambao watu wameacha kuaminiana. Njeri alimfikisha mvulana mlangoni, bibi kizee akafungua.

"Sasa tazama vile watu wote hukosea."

Alibonyeza. Mvulana akanyoosha mkate juu ya kizingiti, na mkate ukageuka theluji mikononi mwake, ukamwagika.

Ghalia alikaa akitazama ile theluji ya kuchora. Kwa mara ya kwanza tangu Alhamisi alijua anakokwenda, na moyo wake ulitulia.

"Gemu nzima iko hivyo?"

"Hiyo ndiyo gemu nzima. Ama uingie, ama yeye atoke. Usipojua hiyo hujui kitu."

*

Ofisi ya Tausi ilikuwa karibu na Old Street, kuta za matofali na mabango ya gemu yenye picha za theluji. Sajini Emma, msaidizi wa Ghalia, alibeba mkoba wenye ile mifuko miwili ya ushahidi. Hillary Titus alikuwa bwana mtanashati wa makamo, suti bila tai. Aliposikia jina la Ghalia uso ukamkunjuka.

"Karibu sana, Madam! Kumbe ni watu wa nyumbani. Njeri aliniangusha sana, lakini namwombea. Hawa wasichana, hasira tu."

"Ahsante, Bwana Hillary. Tutumie Kiingereza, Sajini Emma naye asikie."

Walikaa. Ghalia alisema kwamba kabla ya kesho anataka maelezo ya mashahidi yawe sawasawa, na Hillary akasema anaelewa, ana launch, uzinduzi wa gemu, Ijumaa, lakini sheria ni sheria.

"Ulifika saa sita?"

"Saa sita."

"Ukasimama wapi?"

"Nje, mlangoni. Yule dereva aliniona."

"Na Timofei?"

"Ndani. Akatoa diski mfukoni, akaninyooshea. Nikaipokea, tukashikana mikono. Alikuwa na furaha. Alisema, nenda nayo, rafiki yangu."

"Ulivuka kizingiti?"

"Hapana."

"Hata mguu mmoja? Hata kuchungulia?"

"Inspekta, sijawahi kuingia mle ndani maishani mwangu. Tulikuwa tunakutana hapa ofisini siku zote."

Emma aliandika, akamsomea, akampa kalamu. Hillary alitia sahihi kwa madaha.

"Nimesoma gazetini kwamba mlibuni gemu pamoja," Ghalia alisema.

"Yeye mikono, mimi kichwa," alisema Hillary, akatabasamu.

"Nionyeshe basi nyumba ya kwanza. Mpwa wangu ataniuliza."

Skrini kubwa ilikuwa ukutani, imeandaliwa kwa waandishi wa habari. Hillary aliona hawezi kukataa. Alishika kidhibiti kama mtu aliyeshikishwa mtoto mchanga wa jirani, akamgongesha mvulana kwenye uzio, akamgongesha tena, mwishowe akamfikisha mlangoni. Bibi kizee akafungua. Hillary akabonyeza, mvulana akanyoosha mkate juu ya kizingiti.

Mkate ukamwagika theluji. Na kutoka kwenye spika za ukutani sauti ya Bi Mwatima Miraji wa Queensbury, iliyorekodiwa, yenyewe hasa, ikajaza chumba:

"Ingia, mwanangu, au nitoke mimi."

Emma akaruka. Hillary alibonyeza tena. Theluji. Sauti ile ile. Alibonyeza mara ya tatu kwa nguvu, na bibi kizee akafunga mlango.

"Ni hitilafu ndogo," alisema. "Mafundi watairekebisha."

"Si hitilafu," alisema Ghalia. "Ndiyo gemu yenyewe. Timofei Garanin hapokei hata kikombe cha chai kizingitini, hutoka kwenye mvua kuliko kupokea. Na wewe unasema alikupa kazi yake ya miaka miwili kizingitini, akakupa na mkono juu yake."

"Hizo ni imani za kizamani. Siku ile labda alisahau. Huwezi kumshtaki mtu kwa imani."

"Kweli kabisa, siwezi." Ghalia alimwashiria Emma, na Emma akaweka mifuko miwili mezani, sapatu moja katika kila mmoja. "Kwa hizi naweza. Ni za wageni. Alhamisi kuna mtu alizivaa, na aliondoka bila kuzirudisha rafuni, na mwenyeji wake naye hakuzirudisha, kwa sababu alikuwa chini anatoka damu. Sufu inashika jasho la mguu, Bwana Hillary. Maabara watazipata leo jioni. Wewe hujawahi kuingia mle maishani mwako, umetia sahihi, kwa hiyo hutakuwa na wasiwasi kutupatia mate kidogo tulinganishe."

Hillary hakuzitazama sapatu. Alitazama miguu yake mwenyewe chini ya meza, akairudisha nyuma taratibu, na Ghalia akajua.

"Niliingia kidogo tu," alisema, kwa Kiswahili.

"Kwa Kiingereza."

Emma alikuwa amekwisha simama. Alimsomea haki zake neno kwa neno: kwamba si lazima aseme lolote, na kwamba atakalosema linaweza kutumika mahakamani. Hillary alimsikiliza mdomo wazi, kisha akasema hata hivyo, kama wanavyosema wengi.

"Alikataa! Nimeshatangaza Ijumaa, nimeshaita watu, ananiambia hapana, ati Njeri amesema. Nilimwambia twende ndani tuongee. Nilivuta diski tu kutoka mfukoni. Nilivuta tu. Yeye ndiye aliyejirudisha nyuma akaanguka."

"Ukamwona anatoka damu."

"Nilidhani ataamka."

"Ukavaa viatu vyako," alisema Ghalia kwa hasira aliyoibana tangu asubuhi. "Ulipata nafasi ya kuvua sapatu na kuvaa viatu vyako, lakini simu ya kuita gari la wagonjwa hukuipata. Kisha ukamwachia Njeri amkute na kubeba lawama. Diski iko wapi?"

Ilikuwa kwenye droo. Ghalia alitoka kwanza hadi ukumbini kupiga simu kituoni, akamweleza mkuu wake kwa maneno machache, na mkuu akaagiza masharti ya dhamana ya Njeri yafutwe. Alipogeuka, Hillary alikuwa amefika mlangoni, Emma nyuma yake, diski mkononi ndani ya mfuko wa ushahidi. Hillary aliinyoosha juu ya kizingiti.

Ghalia hakuwa mtu wa imani hizo. Mikono yake ilibaki mifukoni.

"Toka kwanza," alisema.

Hillary alitoka. Ndipo Ghalia akaipokea.

Simu ya Njeri iliita mara moja tu. "Ameamka?"

"Bado. Lakini kesho usije kituoni. Yameisha, Njeri. Nenda hospitali sasa hivi, hakuna atakayekuzuia."

Upande wa pili kikasikika kishindo cha kiti kinachosukumwa nyuma. "Nitamwambia nini?"

Ghalia alitazama ile diski kiganjani, ndogo kuliko kipande cha sabuni.

"Mwambie mkate umefika."